Mbele Kushoto ni Langu

Jumatatu, 4 Machi

Mvua imeanza leo saa tisa alasiri, na kabla ya saa kumi Kaka alikuwa ameshalitumbukiza gari kwenye shimo. Shimo lenyewe lipo pale tangu mwaka juzi. Mtaa mzima unalijua, hata mbuzi wanalizunguka. Kaka hakulizunguka. Rimu imepinda, tairi limepasuka ubavuni, na yeye amesimama kandoni na mwavuli akipiga simu kwa sauti ya mtu anayehutubia. Ndiyo maana namwita Mheshimiwa, ingawa ni humu daftarini tu.

Bahati nzuri alikuwa ameshamshusha Mama nyumbani.

Niandike mambo yalivyo, maana nikija kusoma baadaye nitadhani nilikuwa na homa. Gari ni la marehemu baba. Alipofariki mwaka jana, Kaka aliitisha kikao cha familia akatoa hoja: gari lina magurudumu manne na sisi tuko wanne, basi kila mmoja atunze gurudumu lake. Mbele kulia la Kaka. Mbele kushoto langu. Nyuma kulia la Kitinda, mdogo wetu wa mwisho, ana miaka thelathini na mbili na bado anaitwa Kitinda. Nyuma kushoto la Mama. Injini ya wote. Tairi la akiba halikupata mwenyewe, kwa hiyo halina upepo hadi leo. Hoja ilipita kwa makofi. Watu wazima na akili zao walipiga makofi. Mimi nilikunja mikono.

Na gari hilo lina kazi moja tu ya maana. Figo za Mama zimeacha kazi, kwa hiyo kila Jumatatu na Alhamisi anapelekwa hospitali kusafishwa damu kwa mashine, kilomita kumi na nane kwenda. Akikosa siku moja anavimba miguu. Akichelewa zaidi ya hapo, daktari ameshatuambia bila kuzunguka, maji yanajaa mapafuni.

Jumanne, 5 Machi

Mheshimiwa alinipigia simu akiwa kwenye kaunta ya duka la matairi. Anataka kujua anunue saizi gani.

Saizi imeandikwa kwenye kibandiko, kwenye nguzo ya mlango wa dereva. Ukifungua mlango kinakutazama usoni. Kaka ameufungua mlango ule mara elfu moja, na macho anayo. Mimi nina miaka kumi na tisa katika ukaguzi wa mizani na vipimo, na kama kuna kitu nimejifunza ni kwamba watu hawapendi kusoma kilichoandikwa mbele yao. Nilimwambia, "Gurudumu ni lako, Kaka. Nunua unaloona linafaa." Akacheka, akashukuru, akakata simu.

Shauri yake.

Jumatano, 6 Machi

Limefungwa. Rimu inang'aa kama sinia la harusi, na ni ya inchi kumi na saba wakati gari linataka kumi na sita. Tairi ni pana, refu, jeusi tii. Ukikata kona hadi mwisho linakwaruza ndani ya bawa, lile bati la juu ya gurudumu. Kaka anasema ni kwa sababu ni jipya, litajizoeza. Tairi lijizoeze. Huyu ni mtu anayeongoza idara yenye watumishi arobaini.

Alhamisi, 7 Machi

Mvua. Mama hospitali. Karudi salama.

Jumamosi, 9 Machi

Nimepita kwa Fundi, yule wa gia na difu nyuma ya kituo cha mafuta. Hana maneno mengi, ndiyo maana naweza kukaa naye. Nilimweleza mwenyewe, kwa ufasaha, kwamba gari letu linavuta kwa magurudumu yote manne muda wote, na kwamba tairi refu na tairi fupi kwenye gari la namna hiyo ni ugomvi wa kudumu. Lile fupi linazunguka mara nyingi zaidi kwa safari ile ile. Difu ya katikati, inayogawa nguvu kati ya mbele na nyuma, inabaki inasuluhisha bila kupumzika mpaka inaungua. Fundi akasema ndivyo. Akaniuliza kama ndugu zangu wanajua.

Nikamwambia watajua.

Jumamosi, 16 Machi

Nimenunua langu. La zamani lilikuwa limeshakuwa kipara. Mia mbili kumi na tano, sitini, kumi na sita, kama kibandiko kinavyosema. Nilikagua namba ya uzito, namba ya mwendo, na wiki ya kutengenezwa, ambayo ni wiki ya arobaini na nne ya mwaka jana. Muuzaji alitaka kuniletea jingine "linalofanana." Nilimwangalia tu. Akalirudisha mwenyewe.

Mbele kushoto sasa ndipo mahali pekee kwenye gari lile ambapo mtu ametumia akili.

Jumatatu, 18 Machi

Tairi la Kitinda limekufa, waya zimetoka nje. Mchana, nikiwa sokoni nimeinama juu ya mizani ya muuza samaki aliyebandika sumaku chini ya sahani, simu ikalia. Kitinda kanitumia picha ya tairi la mtumba: mia mbili na tano, hamsini na tano, kumi na sita. Chini kaandika, "Kaka, hili sawa?"

Si sawa. Ni fupi, ni jembamba, na tukiliweka kwenye gari moja na lile la Mheshimiwa tofauti ya urefu ni sentimita saba. Mtoto wa shule mwenye rula angeliona hilo. Lakini Kitinda alipiga makofi kuliko wote kwenye kile kikao. Nikamjibu neno moja: "Nimeiona."

Akanirudishia alama ya moyo.

Alhamisi, 21 Machi

Nimelikuta gari limefungwa matairi yote uani. Limeinama. Mbele kulia kumenyanyuka, nyuma kulia kumekaa chini, kama mtu aliyekaa kwenye kiti kibovu na hataki kusema. Nilichukua utepe wangu wa kazini nikapima. Kwa kila kilomita moja tairi la Kaka linazunguka mara mia nne hamsini na tatu. La Kitinda, mia tano na nne. Langu, mia nne sabini na tisa, kama watengenezaji walivyokusudia. La Mama, lile alilolinunua Baba na sasa meno yamekaribia kwisha, mia nne themanini na nane. Kwenda na kurudi hospitali, tairi la Kitinda linalizidi la Kaka kwa mizunguko zaidi ya elfu moja na mia nane.

Niliandika hesabu yote kwenye karatasi, safi, nikaikunja nikaiweka mfukoni. Siku yake itafika. Mimi kwa sasa yangu macho.

Jumapili, 24 Machi

Mvua kutwa. Kaka kaja kula, kasifu rimu yake dirishani.

Alhamisi, 28 Machi

Leo zamu yangu ya kuendesha. Tulipokuwa tunarudi, Mama akiwa amejilaza kiti cha nyuma, aliniuliza mbona gari limelala upande siku hizi. Nikamwambia awaulize wanawe.

Akajiinua kwenye kiti. Kisha akasema, "Na wewe ni nani wangu?"

Nikawasha redio.

Jumatano, 3 Aprili

Nimefungia mizani tatu. Muuzaji mmoja alilia. Wanapunja kilo nzima halafu wanalia.

Jumatatu, 8 Aprili

Mlio umeanza. Ni mdogo, uko chini ya miguu ya dereva, unatoka ukikata kona. Kitinda aliusikia, akauliza kama ni barabara. Nikamwambia barabara ni mbaya kweli, na barabara ni mbaya kweli.

Nilipita kwa Fundi nikamweleza mlio ulivyo. Akafuta mikono, akasema tusilitumie mpaka matairi yalingane. Nikamwuliza, je, tukilitumia? Akasema mwezi mmoja, huenda usifike. Akaniangalia kwa muda. Sikupenda alivyoniangalia.

Jumapili, 14 Aprili

Kaka kakaa sebuleni kwetu kwa saa tatu akieleza jinsi serikali ingepaswa kuendeshwa. Mtu asiyeweza kusoma kibandiko cha mlango. Nilikuwa na karatasi yangu mfukoni, naisikia kila nikijigeuza. Ningeweza kuitoa. Lakini ningeitoa angesema, "Ahaa, kumbe," na kesho yake lingekuwa wazo lake. Nimeshaona hayo tangu tukiwa wadogo. Acha gari limfie mikononi, siku isiyo ya Mama, njiani, na mvua, na watu wanatazama. Hapo ndipo nitakapomsomea hesabu, mstari kwa mstari.

Hotuba yenyewe nimeshaiandaa. Ni fupi na inauma.

Alhamisi, 18 Aprili

Mlio umekuwa mkubwa. Mama hospitali, karudi.

Jumatatu, 22 Aprili

Mvua haijakatika tangu Jumamosi. Kule bondeni, kilomita ya kumi na mbili, maji yamefunika barabara, magari yote yanageuza. Kitinda aligeuza. Mama hakufika. Hospitali wanasema mashine zimejaa Jumanne na Jumatano, aletwe Alhamisi bila kukosa.

Jumatano, 24 Aprili

Miguu ya Mama imevimba, viatu havimwingii. Analala amekaa. Nilimwekea mito mitatu mgongoni akasema inatosha, kisha akaniomba wa nne.

Kesho ni zamu yangu. Niliwaza kumwambia Kaka tukodi gari. Lakini angeuliza kwa nini.

Jumamosi, 27 Aprili

Naandika ya Alhamisi, kwa sababu Alhamisi na jana sikushika kalamu.

Tuliondoka saa kumi na mbili unusu asubuhi. Mama nyuma, miguu juu ya mto, kanga mabegani, anavuta pumzi kwa mdomo. Nilikwenda polepole. Nilikuwa nahesabu kilomita, si kwa sababu ya hospitali. Nilikuwa nahesabu kama difu itafika. Hilo nalo liandikwe.

Kilomita ya kumi na moja, pale tunapokata kushoto kuingia mteremko wa bondeni, mlio ukageuka kishindo. Gari lilitetemeka lote, likavuta mbele na kuzuia nyuma kwa pamoja, likasimama katikati ya kona. Moshi ukatoka chini na harufu ya mafuta yaliyoungua. Nilijaribu gia zote. Nilishuka nikatazama chini ya gari kama wafanyavyo watu wasiojua, ingawa nilijua, na nilijua kwa jina.

Mbele yetu maji ya bondeni yalikuwa yamepungua lakini bado yanafika mapajani. Malori tu ndiyo yalikuwa yanapita, na hakuna lililosimama. Nilimpigia Kitinda, akasema yuko ng'ambo kazini, anatafuta gari la kutusubiri upande ule wa maji. Nikampigia Kaka. Hapa ndipo pa kusema ukweli: alipopokea, hotuba ilikuja mdomoni. Wiki tano nimeifanyia mazoezi. Mama akakohoa nyuma yangu, kikohozi chenye maji, na nikasema neno moja tu, "Mama." Kaka hakuuliza kitu. Alisema, "Nakuja," na nikasikia kiti kikianguka.

Alifika baada ya dakika ishirini na tano, kilomita ya mwisho kaja kwa miguu, suti imemganda mwilini. Hakulitazama gari. Hakuitazama hata ile rimu yake. Alifungua mlango wa nyuma, akapiga magoti kwenye tope akampa Mama mgongo, akamwambia, "Panda, Mama, kama ulivyokuwa unanibeba." Mama akasema yeye mzito siku hizi, ana maji. Kaka akasema twende na maji yako.

Wakaingia bondeni. Mheshimiwa wangu, mwenye kitambi na presha, maji mapajani, anatafuta chini kwa miguu kabla ya kila hatua, na njia nzima anamsemesha Mama, mambo ya kipuuzi tu, ili asilale. Mimi nilikuwa nyuma yao. Nilikuwa nimebeba mto.

Ng'ambo Kitinda alikuwa amesimama kwenye mvua na gari la mboga, ameshayatoa matenga yote yeye na dereva na kutandika maturubai. Mdogo wangu ambaye niliandika humu kwamba anachojua ni kupiga makofi. Alimshika Mama kichwa mapajani mwake hadi hospitali.

Mama alipokelewa kwa oksijeni. Midomo ilikuwa imeanza kubadilika rangi. Daktari alitutoa nje, na baadaye alipotoka alisema tungechelewa kidogo zaidi tungekuwa tunaongea mengine. Kaka alikaa chini sakafuni, pale pale ukutani, akalia kwa sauti, mbele ya watu, bila kujificha. Mimi sikulia. Nilisimama na mto uliolowa, na ndani ya mfuko karatasi yangu ya hesabu imekuwa uji.

Jumapili, 28 Aprili

Mama bado amelazwa. Anaongea.

Jumatatu, 29 Aprili

Gari limevutwa hadi kwa Fundi. Tulikwenda wote watatu. Alikuwa ameshaifungua difu ya katikati, akatuonyesha vipande vya chuma kwenye beseni. Kisha akayaegemeza matairi yetu manne ukutani, moja moja, kuanzia refu hadi fupi. Hayakuhitaji maelezo, hata mtu wa suti aliona.

Kaka aliuliza kama ndiyo sababu. Fundi akasema ndiyo. Kitinda akaweka mkono mdomoni, akasema basi ni lake, lile la mtumba, lile fupi. Kaka akasema hapana, ni lake yeye. Wakawa wanabishana pale nani amemuumiza Mama zaidi, kila mmoja anajivutia kwake. Mimi nilikuwa natazama beseni.

Fundi akakata maneno yao. "Huyu bwana si nilimwuliza mwezi wa tatu kama mnajua? Na mwezi huu nikamwambia msilitumie."

Kitinda alitoa simu, akatafuta, akanionyesha ile picha na lile jibu langu. Hakupandisha sauti. "Nilikuuliza, Kaka. Ukasema umeiona."

Nikasema niliiona.

Nilimgeukia Kaka, nikitaka anitukane. Tungekuwa tumelipana. Akasema tu, kwa ile sauti ya chini ambayo sijui kama niliwahi kuisikia, "Mimi nilikupigia nikiwa kaunta. Ningemwuliza nani mwingine? Vipimo unavijua wewe."

Miezi miwili nimewaandika humu kama mazuzu. Zuzu hapigi simu kuuliza. Walikosa kitu kimoja, na kitu hicho kilikuwa kimekunjwa mfukoni mwangu, nakisikia kila nikijigeuza. Nimewafungia watu mizani kwa kupunja gramu hamsini.

Alhamisi, 2 Mei

Mama karudi nyumbani. Amekonda, maji yametoka, mikono imekuwa kama ya mtoto. Wenzangu walikuwa wameshamweleza. Nadhani walijaribu kuniremba, kwa sababu Kitinda hakunitazama alipotoka chumbani. Mama akaniita.

Nilianza kueleza. Akanyanyua mkono.

"Kaka yako alikosea," akasema. "Mdogo wako alikosea. Wewe hukukosea."

Nilisubiri aendelee. Aliniomba maji ya kulainisha mdomo, kipimo chake kile kidogo, akanywa, akageukia ukutani.

Jumatatu, 6 Mei

Gari limetoka kwa Fundi. Matairi manne mapya, aina moja, saizi moja, rimu nne za zamani aina moja. Hata la akiba. Waliyachagua wao na Fundi nikiwa kazini. Niliporudi nilichukua utepe nikapima yote, nikasoma namba zote, hadi wiki ya kutengenezwa. Nilitafuta kosa kama ninavyotafuta sokoni. Hakuna.

Hakuna tena la fulani na la fulani. Kitinda kampeleka Mama leo. Alhamisi ni Kaka.

Jumapili, 12 Mei

Mvua zimepungua. Asubuhi gari liligoma kuwaka, betri imechoka, na kesho Mama ana safari. Tulikuwa tumekaa barazani, mimi na Kaka, kiti kwa kiti. Akatoa simu akampigia Fundi kumwuliza betri ya gari letu ni ya ukubwa gani na nguzo ya chanya inakaa upande upi.

Najua ukubwa wake. Najua na upande. Nikamwambia, tena vizuri, bila kejeli, namba yote na upande.

Kaka akaniwekea kiganja begani, kwa upole, kama mtu anavyomtuliza mtoto anapoongea na simu, akaendelea kumsikiliza Fundi.